Vichwa Viwili au Watu Wawili?

"Bado vichwa viwili, tunaondoka!" Konda anayepaza sauti hivyo kituoni anaeleweka na kila aliye karibu, kuanzia mama mwenye kapu hadi karani aliyechelewa kazini. Viti viwili vimebaki. Lakini mjadala wa lugha ukizuka, neno kama hili huwa la kwanza kushtakiwa. Mtu hufungua kamusi, akasoma kwamba kichwa ni sehemu ya mwili iliyo juu ya shingo, kisha akatangaza kuwa hiyo ndiyo maana halisi na mengine yote ni lugha ya vijiweni. Nimeisikia hoja hiyo mara nyingi, tena kwa watu ninaowaheshimu, na bado naiona dhaifu. Inadhani kamusi imetenga maana halali na maana za mitaani kwa kanuni ya lugha yenyewe, wakati mara nyingi mpaka huo umechorwa kwa kuangalia nani alilisema neno kwanza na alikuwa amekaa wapi.

Hata aliye mkali kabisa katika kulinda usanifu anatumia neno kichwa kwa vitu visivyo na shingo. Mhariri ana kichwa cha habari. Katibu ana kichwa cha barua. Fundi nguo hupeleka kichwa cha cherehani kwenye matengenezo akaacha meza na pedali nyumbani. Dereva wa lori hutenganisha kichwa na tela. Shirika la Reli Tanzania lilipoagiza vichwa 17 vya treni vya umeme kutoka kampuni ya Hyundai Rotem ya Korea Kusini kwa ajili ya reli ya kisasa, magazeti yaliandika "vichwa vya treni" bila kuomba radhi. Hakuna mwalimu wa Kiswahili atakayesahihisha sentensi hiyo. Na ukichunguza maana hizi zilivyopatikana, zote zimepita njia ile ile: mtu ameona kitu kilicho juu au mbele, kinachobeba au kuvuta vingine, akakipa jina la kiungo chake mwenyewe. Njia hiyo hiyo ndiyo iliyopitwa na konda. Tofauti ni kwamba kichwa cha treni kilikuja na wahandisi, karakana na nyaraka za zabuni, na kichwa cha abiria kikaja na mtu anayening'inia mlangoni.

Ndugu za Kiswahili nao wamefanya vivyo hivyo. Waganda wana omutwe, Wakamba wana mutwe, Wanyarwanda wana umutwe, na yote ni kichwa. Nchini Rwanda umutwe huohuo umeingia bungeni: Umutwe w'Abadepite ndilo jina rasmi la Baraza la Wawakilishi. Neno la kiungo cha mwili limepanda mpaka kwenye katiba ya nchi, na halikuhitaji kuacha maana yake ya kwanza ili lifike huko.

Isitoshe, umbo tunaloliita sanifu nalo lina historia ya kuchaguliwa. Mombasa na Lamu wanasema kitwa. Unguja wanasema kichwa. Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 ulipoamua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili cha shule na ofisi za Afrika Mashariki, na Kamati ya Lugha ilipoanza kazi mwaka 1930, kichwa kilipata ofisi na kitwa kikabaki nyumbani. Halikuwa suala la usahihi. Johann Ludwig Krapf, ambaye kamusi yake ilitoka London mwaka 1882, alijifunza Kiswahili chake upande wa Mombasa. Edward Steere, aliyetoa kitabu chake cha lugha mwaka 1870, alikuwa Unguja. Kila mmoja aliandika alichokisikia. Laiti uamuzi wa 1928 ungeelemea Kimvita, lahaja ya Mombasa, leo tungekuwa tunaandika vitwa vya habari na kumcheka anayesema kichwa.

Tena usanifishaji wenyewe haukuwa mnyoofu. Sauti zilizotofautisha kitwa na kichwa ndizo zinazotofautisha kutwa na kuchwa. Kwa kufuata Kiunguja tungetarajia kuchwa lishinde kila mahali. Halikushinda. Jua likizama tunasema limekuchwa, lakini mwanafunzi anayerudi kulala kwao anasoma shule ya kutwa, na kwenye pakiti ya dawa tunaandikiwa kutwa mara tatu. Wasemaji waliamua wenyewe, neno kwa neno, na wanasarufi wakaja nyuma yao kuandika kilichotokea. Nalitaja jambo hili kwa sababu anayedai kwamba kamusi hutangulia matumizi anapaswa kueleza ni kamusi gani iliyoamuru kutwa libaki.

Turudi kwa konda, maana kwake kuna jambo ambalo naona wachambuzi wengi wamelipita. Kiswahili kina kipimo chake cha kutambua kama maana mpya imekomaa, nacho ni upatanisho wa kisarufi. Kiongozi, kijana, kipofu na kiziwi vina umbo la ki-, lakini kwa sababu ni watu tunasema kiongozi amefika, vijana wamekuja. Umbo linabaki la ngeli moja, upatanisho unakwenda ngeli ya wenye uhai. Basi sikiliza watu wanavyomsifu mtu mwenye akili nyingi. "Yule dada ni kichwa." Hapo upatanisho haujajionyesha bado. Endelea kusikiliza: "Yule kichwa amehamia kitengo kingine." Yule, amehamia. Anayesema "kile kichwa kimehamia" atadhaniwa anasimulia habari za maiti iliyokatwa. Kichwa chenye maana ya mtu hodari kimeshavuka kwenda ngeli ya watu, kikakaa kando ya kiongozi na kijana. Kwa mtunga kamusi huo ni ushahidi mzito kuliko wingi wa matumizi, kwa sababu sarufi ya wasemaji imeshaandika kidahizo kipya, yaani neno lenye nafasi yake katika kamusi, kabla yake.

Sasa msikilize konda yuleyule. "Vichwa viwili vimeshuka hapa, ongeza vichwa viwili." Dereva wa bodaboda naye: "Nimepata kichwa kimoja cha mjini." Viwili, vimeshuka, kimoja, cha. Abiria, ambaye ni mtu kamili mwenye jina na safari yake, amebaki katika ngeli ya viti na vyombo. Sidhani ni bahati mbaya. Mtu anayesifiwa anapewa sarufi ya mtu. Mtu anayehesabiwa anapewa sarufi ya kitu. Tofauti hiyo ya silabi moja inasema mengi kuhusu namna tunavyotazamana, na inanisumbua kila ninapoisikia.

Lakini lawama isimwangukie konda kwa haraka. Yeye na dereva wanadaiwa hesabu: kiasi cha fedha ambacho mwenye gari anakitaka jioni, liwe lilijaa au halikujaa. Kinachobaki baada ya hesabu na mafuta ndicho chao. Katika mazingira hayo kila kiti ni sehemu ya deni, na anayekikalia huhesabiwa kwa kile anachopunguza katika deni hilo. Ndiyo maana mwanafunzi anayelipa nauli pungufu huitwa denti, na mara nyingi huachwa kituoni ilhali sauti ya "vichwa viwili" bado inasikika. Kwa matumizi hayo, kichwa ni abiria wa nauli kamili. Hiyo ni maana ya kina kuliko ile ya "mtu yeyote anayesafiri", na hutaipata ukikaa maktaba.

Wala maana hii haikuzaliwa kituoni. Waliotangulia kuhesabu watu wa nchi hizi kwa vichwa ni wakusanya kodi. Kenya ilianza kutozwa kodi ya kichwa mwaka 1910, ikiongezwa juu ya kodi ya nyumba iliyokuwepo tayari. Tanganyika chini ya Waingereza ilikuwa na sheria ya kodi ya nyumba na kichwa kuanzia miaka ya 1920, na Wajerumani walikuwa wameshatoza zao kabla. Baada ya uhuru ilikuja kodi ya maendeleo, ambayo watu wengi wa Tanzania waliendelea kuiita kodi ya kichwa hadi ilipofutwa mwaka 2003. Kwenye daftari la mtoza kodi, kichwa kilikuwa mtu mzima anayedaiwa, na asipolipa alitafutwa. Daladala zilianza kushamiri Dar es Salaam miaka ya 1980. Kwa hiyo konda alilikuta neno likiwa na miongo mingi ya kazi ya serikali. Alichofanya ni kulihamisha kutoka kwenye deni la dola kwenda kwenye deni la mwenye gari. Anayemwambia kwamba ameharibu Kiswahili awaambie kwanza waliochapisha stakabadhi za kodi.

Katika soka neno limegeuka kuwa tendo. Mtangazaji anasema "kichwa chake kimegonga mwamba", na msikilizaji anajua ni mpira uliogonga, mchezaji yuko salama. Hapo kichwa ni pigo, kama vile shuti ni pigo. Maana hii imetulia, haina mzozo, na sioni sababu ya kukaa nayo.

Ninakotaka kukaa ni kwenye maneno ambatani: kichwa ngumu, kichwa maji, kichwa cha panzi. Walimu hulikata la kwanza kwa kalamu nyekundu na kuandika kichwa kigumu. Wana haki kama sentensi ni "ana kichwa kigumu", kwa kuwa hapo tunaeleza kichwa. Ila anayemwita mwenzake "wewe kichwa ngumu" haelezi kichwa tena. Amemtaja mtu kwa jina moja lenye vipande viwili, na wapo wanaoliandika kwa pamoja, kichwangumu. Upatanisho umedondoka kwa sababu kivumishi kimekoma kuwa kivumishi. Wazungumzaji wa Nairobi na wa Dar es Salaam wanalitamka sawasawa bila kukubaliana katika kikao chochote, jambo ambalo lingemshangaza anayeamini kwamba kosa la sarufi ni kosa tu.

Kichwa maji ni habari nyingine, na hapa naomba msomaji avumilie niende polepole. Mtaani ni mtu asiyefikiri, mkaidi, asiyeshaurika. Watu hulitamka wakicheka. Lakini maneno hayo mawili ndiyo ambayo baadhi ya wazazi huyasikia juu ya watoto wao wachanga, pale maji ya ubongo yanapokosa njia ya kutoka na kujikusanya ndani. Kwa kuwa mifupa ya fuvu la mtoto mchanga haijaungana, kichwa hutanuka. Madaktari huweka mrija mwembamba unaotoa maji kichwani na kuyapeleka tumboni, au hutoboa njia mpya ndani ya ubongo ili maji yapite. Mtoto akiwahishwa, ana nafasi kubwa ya kukua vizuri. Akifichwa nyumbani kwa aibu, ubongo unaendelea kubanwa. Wakati mwingine hali hiyo huandamana na mgongo wazi, ambao hatari yake hupungua sana mama akipata asidi ya foliki kabla ya kushika mimba na katika wiki za mwanzo. Tanzania, wahudumu wa afya na vyama vya wazazi husema watoto wenye vichwa vikubwa na mgongo wazi. Naliona ni jina bora, kwa sababu linaeleza kinachoonekana na halijatiwa kinyesi na mitaa.

Tusi lenyewe halina hata ukweli wa kimwili. Kila ubongo wenye afya unaelea katika majimaji. Kwa mtu mzima ni kama mililita 150. Mwenye akili kuliko wote darasani ana maji kichwani. Hata hivyo maana ya tusi ipo, inatumika kila siku, na kamusi inayoificha haimsaidii yeyote. Mgeni anayejifunza Kiswahili atasoma kwamba ni ugonjwa, aende akalitamke mbele ya watu wazima kwa nia njema, asijue kwa nini wamekunja uso. Mwingine atalijua kama tusi pekee, aje alirushe mbele ya mama aliyembeba mtoto mgongoni. Kamusi inayotoa maana zote mbili, ikaandika wazi kwamba moja ni tusi na kwamba linaumiza familia zenye mgonjwa, imefanya kazi yake. Kutaja tu kwamba ni "msimu", yaani neno la mitaani, ni nusu ya kazi. Msomaji anahitaji kujua nani husema, kwa nani, kwa hasira au kwa mzaha, na nini hutokea likisemwa.

Ndivyo ilivyo pia kwa kichwa cha mwendawazimu. Rais Ali Hassan Mwinyi anakumbukwa kwa kuiita hivyo timu ya taifa ya Tanzania, na waandishi wa michezo wameurithi msemo huo kwa kila timu inayofungwa na kila mpinzani. Bila kujua kinyozi anayejifunza hunyoa nani, huwezi kuuelewa: mwendawazimu hakatai wembe wa mwanafunzi, basi kila mmoja hujifunzia kwake. Msemo una ustadi mkubwa, na umebeba ukatili wa zamani dhidi ya wagonjwa wa akili. Ningependa kamusi iuhifadhi pamoja na maelezo hayo, na magazeti yaupumzishe.

Wapo wanaosema kamusi ikifungua mlango kwa misimu itafurika, maana misimu huzuka asubuhi na kufa jioni. Hofu hiyo ina msingi. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ilipotoka mwaka 1981, baada ya kazi ndefu ya wataalamu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kila ukurasa uligharimu karatasi na wino. Mtunga kamusi hakuwa na anasa ya kupokea kila lililovuma. Mwanafunzi wa mtihani, mkalimani wa mahakamani na mtafsiri wa sheria wote wanahitaji kitabu ambacho hakiyumbi kila mwaka. Hata Kamusi Kuu ya BAKITA, Baraza la Kiswahili la Taifa la Tanzania, ya mwaka 2015, kwa ukubwa wake wote, ni lazima iwe na mpaka.

Naukubali mpaka. Ninachokataa ni kuuweka kwa kuangalia sura ya msemaji. Daladala lilikuwa neno la mitaani, na wengi hulihusisha na dala, sarafu ya shilingi tano iliyokuwa nauli enzi hizo. Bodaboda lilitoka kwa waliokuwa wakivusha watu na mizigo mpakani mwa Kenya na Uganda. Leo waziri anayatamka maneno hayo mawili bungeni bila kupepesa macho. Yalipita kwa sababu yalidumu, yalivuka kundi lililoyazaa, na yalitaja kitu ambacho hakikuwa na jina jingine lililo fupi kama hilo. Kwa vigezo hivyo, kichwa cha sifa kimeshapita zamani, kikiwa na ngeli yake ya watu mkononi. Kichwa cha abiria kimepita pia, japo kwa ngeli ya vitu. Kichwangumu kinastahili kidahizo chake, kwa maneno yaliyoungana. Kichwa cha panzi, kwa maoni yangu, kisubiri. Bado kinaishi kama utani wa kumkejeli msahaulifu, na kikifa kesho hatutapungukiwa, kwa kuwa msahaulifu tunalo tayari.

Kuna pia kumpa mtu kichwa, kujipa kichwa na kichwa kumvimba mtu, ambavyo vyote husimama kwenye kiburi, na vyote ni vya zamani vya kutosha kiasi kwamba hakuna anayeviita vya mtaani. Umri umevisafisha. Ninavitaja kwa sababu vinaonyesha kwamba lebo ya msimu hufutika yenyewe pale waliotunga neno wanapozeeka na watoto wao wanapokuwa walimu.

Mwalimu ana wajibu wa kumwambia mwanafunzi kwamba "yule kichwa" haifai katika barua ya kuomba kazi, kama vile mavazi ya shambani hayafai harusini. Amwambie hivyo, na amweleze kwa nini. Asimwambie kwamba si Kiswahili. Mwanafunzi aliyesema "yule kichwa amefaulu" ametumia upatanisho wa wenye uhai kwa nomino yenye umbo la ki-, kanuni ambayo mwalimu huyohuyo aliifundisha wiki iliyopita kwa mfano wa kiongozi. Anaweza kumpa alama kwa hilo kabla hajachukua kalamu nyekundu.